Rambirambi na Deni

Katika matanga ya mtu aliyeuawa na umeme husikika neno moja kabla ya maneno mengine yote: ajali haina kinga. Hulisema mjomba wa marehemu ili kuwatuliza akina mama. Hulisema mwenyekiti wa kijiji anapowashukuru vijana waliochimba kaburi. Na kama amefika mkubwa wa shirika lenye waya ule, naye hulisema kwa sauti ya upole, kisha huacha bahasha. Katika kinywa cha mjomba neno hilo ni jema, kwa maana mjomba hana alichonacho ila maneno. Katika kinywa cha mwenye waya twaona halifai hata kidogo, na leo twapenda kuwaeleza wasomaji wetu kwa nini.

Swali lenyewe ni hili. Mtu ameuawa na umeme. Hapana aliyemkusudia mabaya. Pengine hapana hata mtumishi mmoja awezaye kuonyeshwa kwa kidole na kuambiwa, wewe ulizembea. Je, mwenye umeme ana deni kwa mjane na watoto, au kila atoacho ni huruma yake tu? Wako watakaotuambia kwamba hilo ni jambo la mawakili, na kwamba gazeti lisomwalo na baba, mama na watoto halina kazi nalo. Twajibu kwamba kabla halijawafikia mawakili lilikwisha kupita barazani kwetu, na huko barazani ndiko linakoharibiwa mara nyingi, kwa sababu jamaa wenyewe huamini kwamba hawadai kitu.

Na tuitazame pwani ya Mtwara, kutoka Mikindani hadi mlango wa mto Ruvuma, maana huko baraka ya umeme na hatari yake vyaonekana kwa karibu. Gesi ya Ghuba ya Mnazi, kule Msimbati, iligunduliwa mwaka 1982 na kampuni ya Agip ya Italia. Ikakaa chini ya ardhi karibu miaka 25 pasipo kutumiwa, huku mji wa Mtwara ukiangaziwa kwa mitambo ya dizeli ambayo wakazi wa siku zile hawajaisahau kwa jinsi ilivyozimika. Ndipo kampuni ya Artumas ya Canada ilipoleta gesi hiyo hadi mjini, na tangu mwaka 2007 ikazalisha umeme wa Mtwara na Lindi. Baadaye likaja bomba refu la kupeleka gesi Dar es Salaam, na kwa ajili yake ghasia za mwaka 2013, ambazo zilitoa roho za watu. Kisha mtambo wa kusafisha gesi pale Madimba mwaka 2015. Wakati huo huo Wakala wa Nishati Vijijini, uliotokana na sheria ya mwaka 2005, ulikuwa ukisimamisha nguzo mahali ambapo babu zetu hawakuota kuziona. Leo karibu vijiji vyote 12,318 vya Tanzania Bara vimefikiwa, na mtu wa kijijini huunganishiwa kwa shilingi 27,000. Haya ni mambo ya kushukuru. Hatuandiki ili kuulaumu umeme, wala hatutamani kurudi kwenye koroboi.

Lakini umeme ni mgeni ambaye hakai kama wageni wengine. Balbu ya wati 60 iliyo mezani hupitisha mkondo wa zaidi kidogo ya robo ya ampea. Chini ya nusu ya mkondo huo, ukipita kifuani mwa mtu kwa sekunde chache tu, watosha kuuvuruga moyo hata usimame. Hayo ni ya nyumbani, yaani volti 230. Waya upitao juu ya nguzo za mashambani kwa kawaida huchukua kilovolti 11 au 33. Na volti 33,000 ni zaidi ya mara 140 ya zile za nyumbani. Waya huo hauna ganda. Kilicho kati yake na watu ni umbali tu, na umbali huo washikiliwa na nguzo, vyuma na vikombe vya kauri.

Sasa pwani ina maadui wake. Upepo wa bahari hubeba chumvi, nayo chumvi hula vyuma na kuvipaka vikombe utando unaopitisha umeme unyevu unapoingia. Mchwa hula nguzo za mti kutoka chini, mahali ambapo jicho la mpita njia halioni. Kuti la mnazi huanguka. Mkorosho, uliopandwa kabla ya waya au baada yake, huendelea kurefuka usiku na mchana pasipo kumwuliza mtu. Kwa hiyo waya kukatika si ajabu.

Ajabu iko katika jambo la pili, na hili twaomba wasomaji walitulie kidogo. Watu wengi hudhani kwamba waya ukianguka umeme hujikata wenyewe. Ndivyo inavyotakiwa, lakini si ndivyo iwavyo siku zote. Kule kituoni kuna chombo mfano wa mlinzi, ambacho huutazama mkondo. Mkondo ukizidi ghafula, hufunga njia. Waya ukiangukia udongo wenye maji, mkondo mwingi hukimbilia ardhini na mlinzi huamka. Lakini ukiangukia mchanga mkavu, kama ule wa njia ya Msimbati, mchanga hupokea mkondo mdogo sana, na mlinzi huona kana kwamba nyumba kadhaa zimewasha taa zao za jioni. Basi hafungi. Waya hulala pale chini, mzima, pasipo cheche wala mlio, na wa kwanza kuupitia huenda akawa mama aendaye kisimani alfajiri au mtoto atangulizaye mbuzi.

Basi tuulize tena: ajali haina kinga? Matawi hukatwa. Nguzo iliyooza hujulikana kwa kugongwa na kuchimbuliwa kidogo miguuni, na zipo nguzo za zege zisizoliwa na mchwa. Zipo nyaya zilizovikwa ganda kwa ajili ya kupita katikati ya makazi. Wapo walinzi wepesi zaidi wa kuugundua hata ule mkondo mdogo wa mchangani, ingawa hata wao hawana macho ya malaika. Kila moja ya kinga hizi ina bei, na mara nyingi bei ndiyo sababu ya kutokuwapo kwake mahali fulani. Hatusemi hivyo kwa kushutumu. Fedha haitoshi duniani pote, na nguzo inayobadilishwa huku ni kijiji ambacho hakikufikiwa kule. Lakini yeye anayepima amekwisha kujua. Aliyeketi mezani akaamua kwamba nguzo za njia fulani zitangoja mwaka mwingine, alijua kwamba miongoni mwa mamia ya nguzo hizo mojawapo yaweza kuanguka. Kitu asichojua ni ipi, na itamwangukia nani. Kifo kilichokubaliwa hivyo kwa jumla, kabla hakijapata jina, hakiwezi kugeuka kuwa kitu kisichotazamiwa siku kinapopata jina.

Hapa ndipo tunapohitaji kuyatenga maneno mawili ambayo lugha yetu imetupa, nasi twayachanganya. Rambirambi hutolewa na mtu aliye huru kutotoa. Kiasi chake hupimwa na moyo wa mtoaji. Mpokeaji hushukuru, na akiuliza kwa nini ni kidogo amejivunjia heshima. Deni ni kitu kingine kabisa. Mwenye kudai hugonga mlango, huhesabu, halazimiki kushukuru, na akilipwa nusu husema wazi kwamba amelipwa nusu. Mjane aliyepewa rambirambi na mtu aliyekuwa amdai amepunjwa mara mbili. Amekosa haki yake, na juu ya hayo ametakiwa kusema ahsante.

Lakini deni litokalo wapi, mtu atauliza, kama hapana kosa? Hapa hufanyika kosa la kufikiri ambalo limeenea sana, nalo ni kudhani kwamba deni huzaliwa na hatia peke yake. Sivyo tuishivyo. Mtu ameazima ngalawa ya jirani, akaenda kuvua, dhoruba ikaivunja mwambani. Wazee hawatamwita mwizi, wala hawatasema alifanya uovu. Lakini akija na kusema tu, bahari imeichukua, kisha akajiendea zake, wazee hawatakubali. Chombo kilikuwa mkononi mwake, na samaki wangekuwa wake. Majirani zetu Waislamu, ambao ndio wengi katika pwani hiyo, wana neno la zamani katika jambo hili: dia. Sheria yao yafundisha kwamba aliyeua kwa bahati mbaya si sawa na mwuaji, walakini jamaa za marehemu wastahili malipo ya damu. Hatia imeondolewa, deni limebaki. Twaona kwamba hapo wameshika kitu ambacho wengi wetu tumekiacha.

Nasi tunayo sheria iliyo ya kale kuliko zote hizo, katika kitabu cha Kutoka, juu ya ng'ombe apigaye watu kwa pembe. Yatofautisha ng'ombe ambaye hakujulikana kuwa mkali na yule ambaye ukali wake ulijulikana, mwenyewe akaonywa, asimfunge. Wa kwanza akiua, mwenyewe hana hatia. Wa pili akiua, mwenyewe ashikwa. Karibu na hapo pana habari ya mtu aliyechimba shimo asilifunike, mnyama wa jirani akatumbukia. Yule mwenye shimo atalipa. Msomaji atuambie: waya wa kilovolti 33 ni ng'ombe wa namna gani? Hapana siku hata moja, tangu ulipovutwa, ambapo mwenye waya angeweza kusema kwamba hakujua kuwa huua. Amepaka alama ya hatari kwenye nguzo kwa mkono wake mwenyewe.

Sheria za Waingereza, ambazo zilikuja kuwa msingi wa zetu, zilipita njia yenye mizunguko. Zamani kwao, kitu kilichoua mtu, kama gari au farasi, kilitwaliwa, au thamani yake ilitozwa, kwa jina la kumpa Mungu. Mwaka 1841 treni ilianguka mahali paitwapo Sonning, watu wakafa, na baraza la uchunguzi likaitoza kampuni ya reli pauni 1,000 kwa desturi hiyo ya kale. Wenye reli wakashtuka. Mwaka 1846 Bunge la Uingereza likaifuta desturi ile, na mwaka huo huo likatoa sheria nyingine ya kuwaruhusu jamaa za marehemu kudai mahakamani. Maana kabla ya hapo, ajabu kusema, aliyevunjwa mguu aliweza kudai lakini jamaa za aliyekufa hawakuweza. Ilikuwa hatua kubwa mbele. Lakini pamoja nayo lilipotea jambo moja: tangu hapo jamaa wakatakiwa waonyeshe kosa la mtu, wakati zamani ilitosha kuonyesha kitu kilichoua.

Mwaka 1868 mahakama ya juu ya Uingereza ikarudi nusu ya njia. Bwana mmoja wa Lancashire aitwaye Rylands alijenga bwawa kwa ajili ya kinu chake. Maji yakapenya katika mashimo ya zamani ya makaa na kuufurika mgodi wa jirani yake Fletcher. Rylands mwenyewe hakuwa amezembea. Hata hivyo akaamriwa alipe, kwa sababu aliyekusanya mahali pake kitu ambacho kikitoroka kitaleta madhara amejitwika mwenyewe hatari ya kutoroka kwake. Kanuni za sheria ya Uingereza zilizokuwapo tarehe 22 Julai 1920 ndizo zilizopokewa Tanganyika, na hata leo mahakama zetu huzitazama pale ambapo Bunge halikusema. Yatupasa kueleza kwa haki kwamba kanuni hiyo ya Rylands imebanwa sana tangu hapo. Australia iliiacha mwaka 1994 na kuitia katika sheria ya uzembe. Waingereza wenyewe wameipunguza. Na shirika linaloendesha huduma kwa amri ya sheria mara nyingi limepata kujikinga kwa hoja kwamba lilifanya tu lililoagizwa kufanya, mpaka mdai athibitishe uzembe.

Wahindi hawakukubali hoja hiyo. Mwaka 1997, katika jimbo la Madhya Pradesh, mfanyakazi mmoja alikuwa akirudi nyumbani usiku kwa baiskeli. Mvua ilikuwa imenyesha, waya umelala barabarani katika maji, naye hakuuona. Alikufa pale pale. Bodi ya umeme ilijitetea kwamba mtu mwingine alikuwa ameuchezea waya ili aibe umeme, na kwa hiyo kosa si lake. Mahakama ya juu ya India, mwezi wa Januari mwaka 2002, iliukataa utetezi huo. Ilisema, kwa maana yake, kwamba aendeshaye kazi yenye hatari namna hiyo hulipa hata kama alijitahidi, na kwamba wizi wa namna ile ni jambo alilopaswa kulitazamia na kulizuia. Hukumu hiyo haiwafungi majaji wetu, lakini twatamani isomwe kwetu. Maana sisi tunao vishoka. Kila mtu amjua kishoka wa mtaani kwake, hata kwa jina la utani. Shirika haliwezi kusema siku ya kifo kwamba halikujua kuwa wapo.

Neno la pili la kujikingia ni lile la kazi ya Mungu. Tarehe 2 Februari 2022, katika soko la Matadi-Kibala mjini Kinshasa, waya wa msongo mkubwa ulikatika ukaangukia mahali palipojaa maji ya mvua, ukaua watu 26, wengi wao akina mama wachuuzi. Shirika la umeme la Kongo likaeleza kwamba yawezekana ni radi iliyoupiga. Huenda. Lakini radi haikulipanga soko chini ya waya, wala haikuwaacha akina mama wapange mboga zao hapo miaka yote hiyo. Hata dhoruba za siku hizi haziji tena bila hodi. Tufani ya Kenneth ya Aprili 2019 ilitangazwa mapema, watu wa Mtwara wakaambiwa waondoke mabondeni, nayo ikaishukia Cabo Delgado, ng'ambo ya Ruvuma, tarehe 25 ya mwezi huo. Alipoonywa mvuvi avute mashua yake nchi kavu, mwenye waya naye alikuwa ameonywa. Sisi twachelea sana kumtwika Mungu mzigo wa matengenezo yaliyoahirishwa.

Sasa tuje kwenye hoja iliyo nzito kuliko zote, nayo hatutaki kuipita juu juu. TANESCO si mali ya tajiri fulani. Serikali ilizinunua kampuni za umeme mwaka 1964, na jina la sasa likaja mwaka 1968. Fedha yake ni yetu. Kila shilingi alipwayo mjane imetoka katika bili ya mshona nguo wa Masasi na mwenye mashine ya kusaga wa Newala. Je, ni haki wasio na hatia walipie ajali ambayo nayo haina mwenye hatia?

Twasema ndiyo, na ndiyo hasa haki yenyewe. Hasara hiyo haitoweki isipolipwa. Kama umma haukulipa, amelipa mtu mmoja: mama aliyebaki na watoto 4 na deni la duka. Yeye amelichangia taifa umeme wake kwa mume wake mzima, ilhali sisi wengine tumechangia kwa tokeni za LUKU. Wateja wa TANESCO wamepita milioni 4. Kila mmoja akitoa shilingi 100 kwa mwaka, pungufu ya shilingi 9 kwa mwezi, hupatikana zaidi ya shilingi milioni 400. Hatusemi hiyo yatosha au yazidi. Twaonyesha tu jinsi mzigo unaomvunja mmoja mgongo usivyohisiwa na wengi. Tena marehemu mwenyewe huenda hakuwa na hata balbu moja. Waya ulipita shambani kwake ukielekea kwa wengine.

Wala jambo hili si geni kwetu. Fundi wa umeme akifia juu ya nguzo akiwa kazini, wategemezi wake hawaulizwi ni nani aliyezembea. Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya mwaka 2008, pamoja na Mfuko ulioanza kazi mwaka 2015, huwalipa kwa sababu tu kazi ndiyo iliyomwua. Sheria njema sana. Lakini mpita njia aliyeuawa na waya ule ule, chini ya nguzo ile ile, saa ile ile, jamaa zake wana njia nyingine. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2020, mashirika ya umma yamewekwa pamoja na Serikali katika mashauri ya namna hii: mdai hutoa notisi ya siku 90, humwunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na hufungua shauri Mahakama Kuu. Mahakama Kuu inayo masjala yake mjini Mtwara, nalo ni jambo la kushukuru. Na tangu mwaka 2021 Kiswahili ndicho lugha ya mahakama. Hata hivyo, mfikirini mama wa kijiji cha kando ya kivuko cha Kilambo, akiwa katika eda au katika maombolezo, atakiwa kumshtaki Mwanasheria Mkuu na kuthibitisha jinsi nguzo ilivyooza, ilhali nguzo yenyewe imekwisha kuondolewa na mpya kusimamishwa kesho yake asubuhi. Ushahidi wote umo katika daftari za yule anayemdai. Kumwambia mtu kama huyo, thibitisha uzembe, ni kumwambia aende zake kwa lugha ya adabu.

Kwa hiyo twaona Bunge lifanye kwa mpita njia lile lililofanywa kwa fundi. Kuwe na malipo yaliyowekwa na sheria, yatolewayo upesi, pasipo kuuliza kosa ni la nani. Na anayedhani kwamba astahili zaidi, kwa kuwa uzembe ulikuwa dhahiri, abaki na haki yake ya kwenda mahakamani. Shirika lisipewe nafasi ya kujinasua ila kwa kuonyesha lenyewe kwamba marehemu aliitafuta hatari kwa kujua. Tena EWURA, ambayo kazi yake ni kuyasimamia mashirika hayo, itangaze kila mwaka idadi ya waliouawa na umeme mkoa kwa mkoa, pamoja na sababu, ili bei ya nguzo iliyongojeshwa ionekane mezani inapopangwa bajeti.

Tumesema kwa kujua, na hapo pana mpaka ambao hatutauficha. Yuko apandaye transfoma usiku kuiba mafuta yake. Yuko avutaye waya kutoka nguzoni bila mita. Yuko aliyekatazwa mara tatu kujenga chini ya njia ya umeme, akajenga. Watu wazima hawa hawawezi kuweka mzigo wote begani mwa wengine, ingawa watoto wao wasio na kosa watabaki na njaa ile ile, na jambo hili latutia mashaka kila tunapolifikiri. Lakini mtoto aliyepanda mwembe unaoguswa na waya hajui kitu. Mwembe una maembe, naye ni mtoto. Wala hatumhesabii kosa mkulima aliyeangua korosho kwa mti mrefu shambani mwake, mahali ambapo waya umeshuka mwaka hata mwaka pasipo mtu wa kuuinua.

Na sisi wenye nyumba tusijifanye watazamaji. Kutoka kwenye mita kuingia ndani, waya si wa shirika, ni wetu. Tukimwita kishoka kwa sababu ni rahisi, tukakipuuza chombo kidogo kinachokata umeme mara mkondo wa miliampea 30 unapopotea njia, kisha tukakipangisha chumba kwa msichana wa kazi au kwa mwanafunzi, sisi ndio wenye ng'ombe mkali. Bafu lenye ukuta unaotetemesha mikono si jambo la kuchekea na wapangaji. Siku mmoja wao atakapokufa, kanuni tuliyoidai kwa shirika itatugeukia, na itakuwa imegeuka kwa haki.

Kwa jamaa ambao msiba huu umekwisha kuwafikia tuna maneno machache ya kazi. Waya ulioanguka usiguswe na mtu, hata kwa mti mkavu, wala aliyelala juu yake asivutwe mpaka shirika lithibitishe kwamba umeme umekatwa. Polisi waitwe, na taarifa ya daktari juu ya sababu ya kifo ipatikane kwa maandishi kabla ya maziko. Picha zipigwe za waya, za nguzo na za namba iliyoandikwa kwenye nguzo, siku ile ile, kwa maana kesho haitakuwapo. Majina ya waliokwisha kutoa habari za nguzo ile, na tarehe walizozitoa, yaandikwe na afisa mtendaji wa kijiji. Msimamizi wa mirathi ateuliwe mapema. Asiye na fedha ya wakili aulize msaada wa kisheria, ambao unayo sheria yake tangu mwaka 2017. Rambirambi ikija ipokelewe kwa heshima, kama ipokelewavyo ya mtu mwingine ye yote. Lakini karatasi yo yote iliyokuja pamoja na bahasha isitiwe dole gumba mpaka imesomwa kwa sauti mbele ya mtu ajuaye sheria.